Tamthilia za muziki: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Ukurasa huu ni wa wanakwaya, wanafunzi wa sanaa za maonyesho, walimu wanaotafuta cha kupandisha jukwaani mwisho wa mwaka, na yeyote aliyeanza na Sarafina! kwenye banda la video akatamani kujua ukoo wake. Majibu mengine ni marefu kwa sababu habari zake ni tamu. Mengine yana mistari mitatu tu.

Tamthilia ya muziki ni kitu gani?

Ni mchezo wa kuigiza ambao wahusika wake huimba na kucheza, na nyimbo hizo ndizo zinazosukuma hadithi mbele. Kipimo changu ni rahisi: ondoa wimbo, uone kama hadithi imebaki na pengo. Waliowahi kwenda kwenye maonyesho ya vikundi vya Muungano au TOT (Tanzania One Theatre) kule Dar es Salaam wanakumbuka jioni yenye ngoma, sarakasi, kichekesho, kwaya na taarab, kila kimoja kikipewa zamu yake. Raha tupu, lakini ukiondoa sarakasi, taarab haidhuriki. Kwenye tamthilia ya muziki, mhusika huanza kuimba pale maneno ya kawaida yanapomshinda, na wimbo ukimalizika yeye si yule aliyeuanza: ameshaamua kuondoka, au amependa, au ameapa kulipiza kisasi.

Watu hudhani mtunzi wa muziki ndiye mwenye kila kitu. Kwa kawaida kazi ina watu watatu: anayeandika hadithi na mazungumzo, anayeandika maneno ya nyimbo, na anayetunga muziki. Ongeza mwongozaji, mbunifu wa uchezaji, na fundi wa kupanga ala gani ipige nini katika okestra. Ndiyo maana majina huja mawilimawili kama ya mapacha: Gilbert na Sullivan, Rodgers na Hammerstein.

Ina tofauti gani na opera?

Opera humtanguliza mwimbaji na sauti yake, iliyofunzwa kujaza ukumbi bila kipaza sauti, na mara nyingi kila neno huimbwa. Tamthilia ya muziki huchanganya mazungumzo, uimbaji na uchezaji, na lazima neno lisikike. Ukuta kati yao una matundu mengi. Porgy and Bess ya mwaka 1935 mtunzi wake, George Gershwin, aliiita opera, ikafunguliwa kwenye ukumbi wa Broadway, mtaa wa kumbi kubwa za maigizo New York, na wabishi hawajamaliza kubishana hadi leo.

Ilianza lini na wapi?

Kuimba ndani ya hadithi ni jambo la kale kila mahali duniani. Bibi yeyote anayesimulia ngano anajua pa kuingiza wimbo. Lakini ukoo wa hii inayoitwa ya Broadway wengi huanza kuuhesabu London mwaka 1728, John Gay alipotoa The Beggar's Opera. Gay hakutunga muziki mpya. Alichukua tuni zilizokuwa zikiimbwa mitaani, akazipachika maneno yake, akawafanya wezi na makahaba kuwa wahusika wakuu, na kwa ujanja huo akaidhihaki opera ya Kiitaliano iliyopendwa na wakubwa, pamoja na waziri mkuu Robert Walpole mwenyewe. Msimu wa kwanza ulikwenda maonyesho 62, kitu cha ajabu wakati ule. Alipoandika mwendelezo wake, serikali ikaupiga marufuku jukwaani. Miaka 200 kamili baadaye, mwaka 1928, Bertolt Brecht na mtunzi Kurt Weill waliiunda upya hadithi hiyohiyo mjini Berlin, na mwaka 1977 Wole Soyinka akaihamishia Nigeria ya fedha za mafuta, ikaonyeshwa Chuo Kikuu cha Ife kwa jina la Opera Wonyosi. Mwizi wa Gay amesafiri kweli.

Katikati hapo Paris ilikuwa na Jacques Offenbach, mzaliwa wa Cologne, aliyewachekesha Wafaransa kwa hadithi za miungu ya Kigiriki iliyochoka kuwa miungu (Orphée aux enfers, 1858). London ikawapata W. S. Gilbert na Arthur Sullivan. H.M.S. Pinafore yao ya mwaka 1878 iliibwa Marekani nzima na makampuni yasiyolipa hata senti, hata wenyewe wakaamua kazi iliyofuata waifungulie New York kabla wezi hawajaamka. Suala la nani analipwa kwa wimbo lilizaliwa siku moja na sanaa yenyewe, na litarudi tena humu ndani.

Marekani yenyewe huanza kuhesabu mwaka 1866 na The Black Crook, onyesho la saa tano na zaidi. Husimuliwa kwamba kikundi cha wachezaji wa baleti kutoka Ulaya kilifika New York kikakuta ukumbi wake umeteketea kwa moto, basi meneja wa Niblo's Garden akawachomeka ndani ya mchezo wake wa mashetani na wachawi. Hadithi ilikuwa dhaifu, miguu ilikuwa mingi, na watu walijaa kwa maonyesho zaidi ya 400.

Kwa nini watunzi wengi wa Broadway walikuwa Wayahudi?

Swali hili huulizwa kwa nia njema na kwa nia mbaya, kwa hiyo tujibu kwa historia. Kuanzia mwaka 1881 mashambulizi dhidi ya Wayahudi katika dola ya Urusi yaliwasukuma watu wengi kukimbia, na hadi Marekani ilipobana sheria ya uhamiaji mwaka 1924, takriban milioni 2 walikuwa wameingia nchini humo. Wengi walibanana kwenye vyumba vya Lower East Side, New York. Kazi zenye heshima, kama vile benki, vyuo vikubwa na makampuni ya mawakili, zilikuwa na milango migumu kwao. Biashara ya burudani ilikuwa changa, haina wenyewe bado, na mwenye kipaji angeweza kuingia bila kuulizwa baba yako nani.

Ukitazama baba zao unaona jambo jingine. Baba yake Offenbach alikuwa mwimbishaji wa sala katika sinagogi. Vivyo hivyo baba yake Irving Berlin, baba yake Kurt Weill, na baba yake Harold Arlen. Watoto hawa walikua wakisikia sauti ya mtu mmoja ikipanda na kushuka mbele ya kusanyiko, ikilia na kusihi. Walipotoka nje mtaani walikutana na muziki wa watu weusi. Huo mchanganyiko ndio dunia ikauita wimbo wa Kimarekani.

Irving Berlin ndiye mfano unaonifurahisha zaidi. Alizaliwa mwaka 1888, akafika New York akiwa na miaka 5, akaanza kwa kuimba mikahawani akiwa mhudumu. Hakuwahi kujua kusoma noti. Alipiga piano kwa vidole vilivyozoea vibonye vyeusi tu, na akajinunulia piano maalumu yenye mpini wa kuhamisha ufunguo ili asisumbuke na vingine. Alifariki mwaka 1989 akiwa na miaka 101, na nyimbo alizoandika ni zaidi ya 1,000.

Cole Porter hakuwa Myahudi. Alikuwa mtoto wa familia ya kitajiri kutoka Indiana aliyesoma Yale, na hata yeye alikiri kwa rafiki zake kwamba siri ya kufaulu Broadway ni kuandika tuni zenye ladha ya Kiyahudi.

Na watu weusi walikuwa wapi?

Walikuwa ndani ya muziki tangu mwanzo, na nje ya mlango kwa muda mrefu. Burudani iliyotamba Marekani katika karne ya 19 ilikuwa wazungu kujipaka masizi usoni na kuwaigiza watumwa kama mabwege. Vikundi hivyo vilianza kupata umaarufu mwaka 1843. Ubaya wake una mkato wa pili: baada ya utumwa kuisha, wasanii weusi wenyewe walipotaka kupanda jukwaani, walilazimika kujipaka masizi juu ya ngozi zao nyeusi, maana hiyo ndiyo sura pekee ambayo mlipa tiketi alikuwa tayari kuiona.

Bert Williams na George Walker waliianza safari yao ndani ya sura hiyo, kisha wakaitumia kupasua njia. Mwaka 1903 walifungua In Dahomey katika ukumbi mkubwa wa New York: onyesho refu lililoandikwa, kutungwa na kuchezwa na watu weusi. Mtunzi wake, Will Marion Cook, alikuwa amesoma fidla Berlin. Mwaka huohuo walivuka bahari hadi London wakacheza katika kasri la mfalme. Kisha mwaka 1921 ikaja Shuffle Along ya Noble Sissle na Eubie Blake, iliyofikisha maonyesho 504. Waandaaji waliogopa sehemu moja tu: wimbo wa mapenzi kati ya mwanamume na mwanamke weusi, ulioimbwa bila kichekesho. Hadhira ya wazungu ilikuwa haijazoea kuwaona watu weusi wakipendana kama watu. Usiku wa kwanza wimbo ulishangiliwa, ukaombwa tena. Kutoka humo walitokea Josephine Baker, Florence Mills na Paul Robeson.

Na George Gershwin? Yeye alikuwa mtoto wa wahamiaji wa Kiyahudi kutoka Urusi, aliyeacha shule akiwa na miaka 15 ili apige piano kwenye duka la wachapishaji wa nyimbo. Alipokuwa akitunga Porgy and Bess alikwenda kukaa kiangazi cha mwaka 1934 kwenye kisiwa cha Folly, South Carolina, jirani na Wagullah, kizazi cha watumwa kutoka Afrika Magharibi waliohifadhi lugha na midundo yao visiwani. DuBose Heyward, aliyeandika riwaya ya Porgy, alisimulia jinsi Gershwin alivyoingia kwenye ibada yao ya kupiga makofi na kukanyaga miguu kwa mahadhi, akashindana na bingwa wao mwenyewe. Wengine walimsifu, lakini Duke Ellington hakuridhika na picha ya mtu mweusi iliyotokana na kazi hiyo. Nadhani pande zote mbili zilisikia vizuri. Muziki ni wa kuheshimika, na wanaoishi Catfish Row, mtaa wa weusi ndani ya hadithi hiyo, bado ni maskini waliotazamwa na wageni kupitia dirishani.

Onyesho hilo lilidumu usiku 124 tu New York. Lilipofika Washington mwaka 1936, Todd Duncan, aliyeigiza Porgy, aligoma na wenzake kuimba katika ukumbi usioruhusu weusi na weupe kukaa pamoja. Ukumbi ukasalimu amri, watu wakakaa walipotaka.

Ni kweli Paul Robeson alijifunza Kiswahili?

Kweli kabisa. Robeson, mtoto wa mtu aliyetoroka utumwani, alihamia London baada ya kutikisa jiji hilo mwaka 1928 kwa kuimba Ol' Man River katika tamthilia ya Show Boat. Miaka ya mwanzo ya 1930 alijiandikisha chuo cha London kinachoitwa SOAS siku hizi, akasoma lugha za Kiafrika, Kiswahili kikiwamo. Alitaka kujua babu zake walifikiri vipi kabla hawajalazimishwa kufikiri kwa Kiingereza. Mwaka 1935 alitokea katika filamu ya Sanders of the River, na miongoni mwa watu walioajiriwa kujaza picha kama wanakijiji alikuwamo Mkikuyu mmoja mwanafunzi wa London, Jomo Kenyatta. Filamu ilipohaririwa ikageuka kuwa sifa kwa ukoloni, na Robeson akaikana.

Ol' Man River, wimbo uliomtambulisha, aliubadilisha baadaye. Jerome Kern na Oscar Hammerstein II waliuandika kama kilio cha kibarua wa bandarini aliyechoka kuishi na anayeogopa kufa. Robeson alipouimba kwenye majukwaa yake, kibarua huyo alisema ataendelea kupigana hadi pumzi ya mwisho. Hammerstein hakufurahi. Mimi nikiusikiliza, tuni ya Kern inabeba maneno ya Robeson vizuri zaidi.

Kwa nini kila mtu hutaja Show Boat na Oklahoma! kama mabadiliko makubwa?

Kabla ya Show Boat (27 Desemba 1927) onyesho la Broadway lilikuwa kama pambo: wasichana, vichekesho, nyimbo za kuuzwa madukani. Show Boat ilileta ubaguzi wa rangi, ndoa iliyovunjwa na sheria, na mlevi wa kamari, kisha ikaimba juu yake bila aibu.

Oklahoma! ilifunguliwa tarehe 31 Machi 1943 bila nyota wa jina kubwa. Hadhira ilizoea pazia kufunguka na kundi la warembo likirukaruka. Safari hii waliona mama mtu mzima peke yake anasukasuka maziwa atoe siagi, na sauti ya mwanamume inasikika kutoka nje ya jukwaa ikiimba kuhusu asubuhi njema. Ukimya ule ulikuwa ujasiri mkubwa. Agnes de Mille alibuni uchezaji ambao uliingia ndani ya ndoto ya msichana na kuonyesha hofu ambayo mwenyewe hakuweza kuisema. Ikafikisha maonyesho 2,212, na tangu hapo Richard Rodgers na Hammerstein wakawa ndio sheria. Wengi Afrika Mashariki wanawajua bila kujua kwamba wanawajua: waliojifunza do, re, mi kwa wimbo wa filamu ya The Sound of Music walifundishwa na hao.

West Side Story: ni muziki wa Puerto Rico?

Nusu, tena nusu yenye mashaka. Leonard Bernstein na wenzake (Stephen Sondheim, aliyeandika maneno, alikuwa na miaka 27) walichukua Romeo na Juliet wakaitia kwenye magenge ya vijana wa New York mwaka 1957. Mwanzoni walifikiria ugomvi wa Wayahudi na Wakatoliki, kisha wakaona mtaa umebadilika na wageni wapya ni Wapuerto Rico. Ule wimbo unaoitwa America unatumia mapigo ya huapango, ambayo ni ya Meksiko: sita zinagawanywa mara mbili, kisha mara tatu, na sikio linayumba kwa utamu. Aliyekulia kwenye chakacha hatapata shida kupiga makofi hapo.

Wapuerto Rico walilalamika tangu mwanzo kwamba wamechorwa kama watu wa visu. Filamu ya mwaka 1961 iliwapaka rangi waigizaji. Rita Moreno, mzaliwa wa Puerto Rico aliyepata Oscar kwa filamu hiyo, alisimulia kwamba hata yeye alipakwa. Onyesho liliporudishwa Broadway mwaka 2009, sehemu ya nyimbo zilitafsiriwa Kihispania na kijana wa Kipuerto Rico aitwaye Lin-Manuel Miranda. Huyo tutamkuta mbele.

Fiddler on the Roof inahusu Wayahudi wa Urusi. Kwa nini inapendwa hadi Japani?

Kwa sababu ina baba mwenye mabinti, na mshenga. Mabinti wa Tevye wanakataa, mmoja baada ya mwingine, mume aliyechaguliwa na wazee, na kila mmoja anasogea hatua moja mbali zaidi na mila. Mwandishi wake Joseph Stein alisimulia kwamba alipokwenda Tokyo, mwandaaji wa huko alimuuliza kama Wamarekani wanaielewa kweli hadithi yenye Ujapani namna hiyo. Mtu aliyewahi kukaa kwenye kikao cha posa Moshi au Kisii angeuliza hivyohivyo. Jerry Bock ndiye aliyetunga muziki. Ilifunguliwa mwaka 1964, ikachezwa mara 3,242.

Waingereza nao?

Walirudi kwa kishindo na Andrew Lloyd Webber: Jesus Christ Superstar, Cats, na The Phantom of the Opera, ambayo ilikaa Broadway kuanzia 1988 hadi tarehe 16 Aprili 2023, maonyesho 13,981. Zama hizo zilileta taa kubwa la kioo linaloanguka, helikopta, mashine za moshi. Nyimbo ni nzuri kwa kwaya. Zaidi ya hapo sina ashki nazo.

Afrika ina tamthilia zake za muziki?

Ndiyo, na zimegharimu watu uhuru na maisha.

Johannesburg, Februari 1959: King Kong, hadithi ya bondia Ezekiel Dlamini, iliyotungwa na Todd Matshikiza, mwandishi wa gazeti la Drum. Ilifunguliwa kwenye ukumbi wa chuo kikuu cha Wits kwa kuwa huko watu wa rangi zote waliweza kukaa pamoja. Miriam Makeba aliimba. Kundi lilipokwenda London mwaka 1961, baadhi hawakurudi nyumbani, wakaongeza safu ya wanamuziki walio uhamishoni.

Sarafina! ya Mbongeni Ngema ilianza Market Theatre, Johannesburg, mwaka 1987, nchi ikiwa chini ya hali ya hatari, ikasimulia wanafunzi wa Soweto waliomiminika mitaani tarehe 16 Juni 1976. Muziki wake ni mbaqanga, mdundo wa vitongoji vya Afrika Kusini, sehemu yake imetungwa na Hugh Masekela. Vijana wa vitongojini waliokuwa hawajawahi kupanda ndege walijikuta Broadway kwa maonyesho 597. Filamu ya mwaka 1992 ndiyo iliyotufikia sisi.

Kampala ilikuwa na Byron Kawadwa, mkurugenzi wa National Theatre. Mchezo wake wa Kiganda, Oluyimba lwa Wankoko, yaani Wimbo wa Jogoo, na muziki wa Wassanyi Serukenya, uliiwakilisha Uganda kwenye FESTAC, tamasha la sanaa za watu weusi, mjini Lagos mwaka 1977. Aliporudi nyumbani, utawala wa Idi Amin ulimuua.

Kenya, mwaka uleule, wakulima na vibarua wa Kamĩrĩĩthũ, Limuru, walijijengea ukumbi wa wazi wakacheza Ngaahika Ndeenda ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mirii, iliyojaa nyimbo walizozileta wazee wenyewe. Serikali ikafuta kibali baada ya wiki chache, na tarehe 31 Desemba 1977 Ngũgĩ wa Thiong'o akawekwa kizuizini. Mwaka 1982 walijaribu tena na Maitũ Njugĩra, ambayo karibu yote ni wimbo na ngoma, ikichota nyimbo za makabila mbalimbali. Ilikatazwa kuingia ukumbi wa taifa. Watu wakafurika kwenye mazoezi chuo kikuu, na mwezi Machi ukumbi wa Kamĩrĩĩthũ ukabomolewa. Broadway onyesho hufa tiketi zisipouzwa. La Kamĩrĩĩthũ liliuawa kwa sababu watu walikuja mno.

The Lion King ni ya Kiswahili?

Majina ndiyo. Simba na Rafiki havihitaji maelezo; Pumbaa ni kupumbaa; Sarabi ni yale mazigazi ya jangwani; Shenzi tumwache alivyo. "Hakuna matata" ni Kiswahili sahihi, ingawa mswahili wa Dar atakuambia hamna shida. Kampuni ya Disney iliusajili msemo huo Marekani kama alama ya biashara ya mavazi, na habari hizo zilipovuma mwaka 2018 watu walikasirika kwa haki. Ni kama mtu asajili "pole".

Lakini uimbaji ni wa Kusini. Ule mwito wa alfajiri unaofungua onyesho ni Kizulu, na aliyeubeba ni Lebo M, mzaliwa wa Soweto aliyeishi uhamishoni. Onyesho la jukwaani, lililofunguliwa Broadway tarehe 13 Novemba 1997, lilimpa nafasi kubwa kuliko filamu: kwaya nzima, lugha kadhaa za Kusini mwa Afrika, nyimbo zisizotafsiriwa kwa mtazamaji. Julie Taymor akawa mwanamke wa kwanza kupata tuzo ya Tony, tuzo kuu ya Broadway, kwa kuongoza tamthilia ya muziki.

Na pale Timon na Pumbaa wanapoimba kuhusu simba aliyelala kuna kaburi chini yake. Tuni hiyo ni Mbube, aliyoirekodi Solomon Linda Johannesburg mwaka 1939. Haki zake alizitoa kwa shilingi 10. Wimbo ukavuka bahari, ukabadilishwa maneno, ukawatajirisha wengi. Linda alifariki mwaka 1962 akiwa maskini. Binti zake walifungua kesi mwaka 2004, na mwaka 2006 pande mbili zikaafikiana, familia ikaanza kulipwa.

The Book of Mormon imewekwa Uganda. Ina ukweli wowote?

Uganda ile haipo. Wamisionari wawili wa Kimarekani wa dhehebu la Mormoni wanatumwa kijiji kinachotisha, na wanakijiji wanaimba kibwagizo kwa lugha ya kubuni ambayo ni kejeli kwa Hakuna Matata yenyewe. Watunzi wanasema wanaowacheka ni Wamarekani wanaoijua Afrika kupitia katuni. Ninaielewa hoja, na nyimbo zimesukwa kwa ustadi. Lakini mzaha unahitaji Mganda awe bubu ili ufaulu. Waigizaji weusi waliowahi kulicheza waliandika barua mwaka 2020 kulalamika, na kabla ya kufunguliwa tena mwaka 2021 sehemu za onyesho zilirekebishwa.

Kwa nini Hamilton ilipiga kelele kiasi kile?

Lin-Manuel Miranda, yule wa West Side Story, alibeba kitabu kinene cha wasifu wa Alexander Hamilton, mmoja wa waasisi wa Marekani, kwenda nacho likizo Meksiko. Humo alikuta kijana yatima kutoka visiwa vya Karibea aliyejinasua kwa kalamu yake, akasema huyu ni mwanarapu. Ilifunguliwa Broadway Agosti 2015, ikachukua tuzo 11 za Tony na tuzo ya uandishi ya Pulitzer. Waasisi wa taifa lililokuwa na watumwa walichezwa na weusi, Walatino na Waasia.

Rapu ilimpa kitu ambacho waltzi isingempa: nafasi. Onyesho lina maneno zaidi ya 20,000, na yangeimbwa polepole mngelala ukumbini. Mikutano ya baraza la mawaziri imefanywa mashindano ya kutupiana mistari. Wamarekani waliona jambo jipya. Anayejua Muyaka wa Mombasa alivyojibizana na Bwana Zahidi Mngumi wa Lamu, vita na siasa vikipimwa kwa mizani ya shairi, angetikisa kichwa tu.

Je, taarab ni tamthilia ya muziki?

Hapana. Mwimbaji wa taarab hajifanyi mtu mwingine, na hadithi iko kwa anayetunza pesa na anayepigwa kijembe.

Tunaweza kupandisha mojawapo shuleni kwetu?

Kazi nyingi za karne ya 20 na 21 zina wenyewe, na lazima uandike kuomba kibali na kulipia kabla hujatangaza tarehe. Kampuni kama Music Theatre International na Concord Theatricals ndizo zinazotoa vibali na noti, na zipo matoleo ya watoto ya takriban saa moja. Baadhi yana masharti: warithi wa Gershwin wametaka Porgy and Bess ichezwe na waimbaji weusi, jambo ambalo kwetu si mzigo.

Usiyekuwa na bajeti, nenda kwa Gilbert na Sullivan. Sullivan alifariki mwaka 1900 na Gilbert mwaka 1911, kazi zao hazina tena wa kulipwa, na una ruhusa ya kuzitafsiri upendavyo. Anza na Pinafore: nahodha mwenye majivuno, baharia maskini aliyempenda binti yake, na waziri wa majini asiyewahi kupanda meli. Itie jahazi badala ya manowari, bandari iwe Tanga au Lamu, na kama kwaya yako ina besi wawili wa kutegemewa, mnaiweza.